Dada Awa, Uliyeandikishwa Nampula

Dada yangu Awa,

Barua hii naiandika wazi, aisome atakaye, kwa kuwa simu yangu hupokei. Napiga, inaita mpaka inachoka yenyewe. Najua haijapotea, maana jirani yako wa huko Nampula ameniambia anakuona nayo kila siku, unaongea na kucheka. Basi nimeona heri niandike. Na mtu wa hapa Quionga akiiona asione ajabu, kwa sababu hakuna nyumba hapa isiyokuwa na mtu wake aliyebaki huko mlikobaki.

Juzi nilikuwa nafundisha ramani darasani nikakukumbuka mpaka nikanyamaza katikati ya sentensi. Unakumbuka mlango wa jikoni? Nilikuwa nimeshindwa mtihani wa kutaja mito, nimerudi nalia, na mama alikuwa ameshatutoka. Ukachukua kipande cha mkaa ukachora mkoa mzima wa Cabo Delgado nyuma ya ule mlango: Rovuma juu, Lúrio chini, bahari ubavuni.

"Sisi tuko wapi?" nikakuuliza.

"Hapa pembeni kabisa. Ukipiga chafya wanakuitikia Tanzania."

Baba aliporudi nilijua tutachapwa wote wawili. Aliutazama mlango, akaweka kidole juu ya mstari wa Rovuma, akatuambia kwamba zamani mpaka haukupita hapo. Mama yake bibi alizaliwa Quionga hii hii ikiwa ya Mjerumani, akazeeka ikiwa ya Mreno, na maisha yake yote hakuvuka mto. Wakubwa walipigana huko, wakausogeza mpaka, yeye yuko shambani anapalilia mihogo yake. Baba alicheka sana siku ile. Mlango tuliuosha kesho yake kwa majivu na maji.

Sisi mambo yetu yakawa kinyume. Mpaka ulibaki palepale, tukaondoka sisi. Siku tuliyokimbia vita sitaisimulia, kila mtu huku anayo yake. Nitasema hili tu, kwa anayesoma bila kutujua: mume wako, shemeji Saidi, alituambia tutangulie, yeye anamfuata mama yake. Hatukumwona tena, yeye wala mama yake. Mpaka tunafika Nampula ulikuwa ukigeuka nyuma kila tuliposikia mtu anakohoa.

Miaka mitatu tulilala mkeka mmoja katika kile chumba cha kupanga. Mimi nalala vibaya, tangu utotoni ulikuwa ukisema nalala kama ninaogelea. Ulichora mstari kwa chaki katikati ya sakafu ukasema, "Huu mpaka. Mguu wako ukivuka, naukata." Asubuhi niliamka niko upande wako, nimekushika kanga, na wewe umebanwa ukutani hunisukumi. Sikukushukuru hata siku moja. Nilikuwa nakuambia mkeka ni mfupi.

Kisha shule ya hapa ikafunguliwa, walimu tukaitwa. Ulinifungia nguo zangu mwenyewe, ukaniwekea na mafuta ya nazi kana kwamba nakwenda ugenini. "Nenda. Nitakufuata," ulisema. Nilikuamini. Nilipofika nilisafisha nyumba yote, na upande wako wa chumba nikautandikia.

Mwaka ule uandikishaji wa wapiga kura ulipokuja, wakanitia katika brigada ya kuandikisha kwa sababu ya mwandiko wangu, ambao unajua ulitokana na makofi yako. Kituo chetu kilikuwa kwenye baraza ya shule. Mimi naandika, na Anselmo, kijana wa Mueda, anashika mashine: anakupiga picha, anachukua alama ya kidole, kadi inatoka bado ina moto. Siku ya kwanza msimamizi alituelezea mambo ya viti, na mimi nikayabeba moyoni kama mtoto aliyejifunza sura mpya chuoni.

Ndugu zetu wa ng'ambo ya Rovuma wana majimbo madogo madogo, kila jimbo na mbunge wake mmoja. Akiharibu, wanajua mlango wa kugonga. Jimbo likijaa watu wanaligawa, wanachora mstari mpya. Huku kwetu mkoa mzima ndio jimbo. Hakuna mstari wa kuchora, kuna kuhesabu tu: viti vya bunge la nchi vinagawanywa kwa mikoa kufuata idadi ya walioandikishwa, na viti vya bunge la mkoa vinagawanywa kwa wilaya vivyo hivyo. Mtu wa Quionga akiandikishwa Nampula, Nampula inanenepa, sisi tunakonda. Na sheria yenyewe ni fupi: unaandikishwa pale unapoishi.

Habari hiyo ilitembea kijijini kuliko redio. Kesho yake watu wakaanza kuja, lakini hawakuja peke yao, walikuja na wasiokuwepo. Mzee mmoja alileta orodha ya wanawe wote sita, wanne wako Nacala. Bi Sifa, yule mama wa maandazi, alikuja na picha ya harusi ya mwanawe imo kwenye fremu, kioo kimepasuka. Akaisimamisha mezani mbele ya kamera.

"Mpigeni huyu. Yupo Nampula, anakuja."

"Mama, mashine inataka na kidole," Anselmo akamwambia.

"Kidole anacho mwenyewe, atakuja nacho. We andika tu, mwanangu."

"Haiwezekani, mama. Aandikishwe hukohuko aliko."

Bi Sifa akanigeukia mimi mwalimu. "Professora, hebu mfahamishe mgeni. Mwanangu wa huko au wa hapa?"

Watu wakacheka, nami nikacheka. Usidhani walitaka kudanganya, dada. Walikuwa wakifuata malezi yetu. Wewe mwenyewe ndiye uliyekuwa ukihesabu mafungu ya nyama siku za hitima, kwa kuwa baba alisema kichwa chako hakikosei. Kila nyumba fungu lake, na aliyesafiri analo lake, linapelekwa kwao hata kama hajaonekana mwaka mzima. Mara moja uliliruka la mjomba Musa kwa sababu alikuwa ameshapotelea Mombasa. Baba akaamuru nyama yote irudishwe kwenye jamvi, mkaanza upya, na wageni wana njaa. "Msafiri hafi mpaka tusikie," alikuambia. Sasa mtu aliyelelewa hivyo utamwambiaje kwamba serikali haina fungu la msafiri?

Bi Sifa alichukua picha yake akaifuta kwa ukaya wa kichwani, akaondoka bila kuniaga.

Wazee wa kijiji waliniambia nisihangaike, mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Mimi nikasema marejeo yenyewe yawe kabla orodha haijafungwa. Ndipo nilipoanza kukupigia kila siku. Ulisema utakuja wiki ya mwisho. Nilikuamini tena, maana mimi kwako sina akili. Lakini badala ya kukuuliza umekula nini, nilikuwa nakuhesabia viti. Nilikuambia wilaya yetu itabaki bila mtu wa kusimama na kusema barabara ni mbovu, kisima kimekufa, zahanati haina dawa. Nilikuambia wewe ni kura moja, na Hadija jirani yetu uliyebaki naye huko ni moja, na wanawe ni tatu. Nilikusomea sheria, dada. Kwa sauti ya darasani.

Siku ile ulinisikiliza mpaka mwisho, ukakohoa kidogo.

"Mdogo wangu, hebu nikuulize. Unanitaka mimi au unaitaka kura yangu?"

Nikakujibu, "Dada, mambo haya ni ya wilaya nzima."

Kisha ukasema, taratibu, kwamba nyumba yetu iko kando ya ile barabara ambayo Saidi alirudi nayo, na kwamba ukilala humo utakuwa unasikiliza kila mtu anayepita. "Hapo siwezi, mama," ulisema. Uliniita mama, kama ulivyokuwa ukiniita nikiwa na homa. Nami, Mungu anisamehe, nikakuambia uandikishaji unafungwa Jumapili.

Siku ya pili yake ukanitumia picha ya kadi yako. Mkoa: Nampula. Umevaa kile kilemba cha kijani, hukutabasamu. Chini yake hukuandika kitu. Nilikuwa kituoni, watu wamepanga foleni, nikaiweka simu kifudifudi mezani nikaendelea kuandika majina. Yule aliyekuwa mbele yangu ilibidi alitaje jina la baba yake mara tatu.

Nilikukasirikia. Nitasema kweli, nilikukasirikia sana. Nilijiambia umetuuza, umewapa watu wa Nampula kilicho chetu. Jioni nikamweleza Anselmo, nikitaraji atakuwa upande wangu. Akaniambia mama yake mwenyewe ameandikishwa Montepuez, na baba yake Pemba, kwa sababu kila mmoja alikimbilia kwa ndugu zake. "Mimi niko hapa nawaandika wenzenu," akasema. "Unataka nimkasirikie nani?" Nikamkaribisha chai.

Sasa nakuambia jambo ambalo sijamwambia mtu. Jumapili ya mwisho, saa ya kufunga, watu walikuwa wamekwisha. Anselmo alianza kukunja nyaya za mashine. Nikamwambia ngoja kidogo.

"Kuna mtu anakuja?"

"Yupo mmoja."

Alikaa. Akaifuta kamera ambayo haikuwa na vumbi. Nami nikasimama kwenye ngazi ya baraza naangalia barabara inakotokea Palma, na wakati huo kadi yako ilikuwa imeshakaa katika simu yangu siku nne. Nilijua haji mtu. Hata ungekuja, mashine isingekuandika mara mbili. Lakini nilisimama pale, nikamweka yule kijana nusu saa nzima kumngoja mtu ambaye nilijua yuko Nampula anapika. Gari moja lilipita, likashusha gunia, likaenda zake.

"Professora," aliniambia kwa upole, "huyo mtu wako hakuja kujiandikisha, sivyo?"

Nikamwambia funga.

Tangu hapo nimeelewa vitu viwili vitatu, ingawa nimechelewa, na wewe unajua mimi huelewa kwa kupigwa. Viti ni kweli. Bado naamini wilaya isiyo na watu kwenye daftari haina mdomo, na uchungu wake mtauona hata nyinyi wa huko. Lakini mimi nilikishika kiti kwa sababu nilishindwa kukushika wewe. Ni rahisi kumwambia mtu "wilaya inakuhitaji" kuliko kumwambia "nakula peke yangu". Nakula peke yangu, dada. Napika kibaba kimoja na kinabaki. Nimeacha kufunga mlango wa jikoni kwa komeo kwa sababu hakuna wa kuingia ghafla nimgombeze. Nikilala, nalala katikati ya kitanda bila kugaagaa, maana siku hizi hakuna upande wa kuvukia. Watu hapa ni wema, wananisalimu, wananiletea samaki, na Bi Sifa ameshanisamehe, ananirushia maandazi. Ila jua likishazama kila mtu ana wake.

Na kuhusu Nampula, kaa. Piga kura yako hukohuko, na aliyeipata akuwakilishe sawasawa, akuletee maji karibu na hicho chumba, na asipoleta umsumbue kama ulivyokuwa ukinisumbua mimi. Sheria ilisema mtu aandikishwe anapoishi, na wewe unaishi huko. Mimi ndiye niliyekuwa nikiwasomea watu sheria hiyo kutwa nzima, na ndiye pekee niliyekataa kuisikia. Sitakuomba tena urudi kwenye barabara ile.

Shule inafungwa mwezi ujao. Nimeshamwomba mkuu ruhusa ya kutangulia siku mbili, amekubali. Nitapanda gari mpaka Pemba, nilale kwa shangazi, kisha Nampula. Sina la kukuletea zaidi ya korosho na mimi mwenyewe, na sitakuja na habari ya viti hata kimoja.

Naogopa kwamba hunitaki. Hilo nalo nalisema wazi, wasome. Kama hunitaki, nipigie simu uniambie, nitaumia lakini nitakusikia. Miezi yote hii kunyamaza kwako kumenitesa kuliko matusi. Safari hii nyamaza tu, dada. Usipokee, usijibu, usiseme neno, nami nitajua umenikubalia, niko njiani.

Mdogo wako uliyemlea,
Muanaisha