Mweusi Asiyehesabiwa

Jumanne, 13 Machi 2018
Nasahihisha majaribio ya darasa la kumi na mbili tangu nitoke shule. Trigonometria imewashinda tena. Mkono unauma. Baba Gloria yuko kwenye ulinzi Hillbrow, bukari yake, ugali wa kwetu, nimeifunika. Leo mwalimu mkuu aliniita wakati wa mapumziko. Kamati ya shule imenipendekeza wa kwanza kwa nafasi ya kudumu ya hisabati. Miaka yote mkataba, mkataba, mkataba. Nimetabasamu kama mjinga njia nzima hadi nyumbani La Rochelle.

Jumatano, 28 Machi
Idara ya elimu imekataa. Imemchukua aliyependekezwa wa pili, msichana wa Soweto, Lerato. Mwalimu mkuu alisema huku anatazama dirisha: nafasi imetengwa kwa waliobaguliwa zamani, na shule yetu haijafikia kiwango cha kuwaajiri.

Nikamwambia, "Mimi ni mweusi. Na uraia ninao."

"Eish, Mam. Kwa sheria hiyo uraia wako ulichelewa."

Wanaohesabiwa ni waliozaliwa raia, au waliopewa uraia kabla ya 1994. Wakati huo nilikuwa mtoto Lubumbashi, najifunza kuzidisha.

Nimelia chooni. Basi.

Alhamisi, 12 Aprili
Chama cha walimu kimepeleka shauri langu kwa msuluhishi. Mkataba unaisha Juni. Lerato ameanza kazi. Nilijiandaa kumchukia. Ana sauti ndogo, na viatu vinampwaya. Alivuka chumba cha walimu kuja kunisalimia, wote wakageuka kututazama. Nilimpa mkono. Siku nzima nimekasirika, na sijui nimemkasirikia nani.

Jumatatu, 14 Mei
Lerato alinifuata darasani baada ya vipindi. Wanafunzi wanamwita mwizi wa kazi. Kabla ya kazi hii alikaa nyumbani na digrii yake mpaka akakata tamaa. Mama yake anafua nguo za watu Sandton.

"Mam, sikuomba wewe utolewe. Niliomba kazi tu."

Kisha akaniomba nimwonyeshe ninavyofundisha jiometria ya duara. Nikamwonyesha. Baba Gloria kasikia, akapandisha sauti: "Unamfundisha yeye ili wewe ufukuzwe vizuri?" Labda. Lakini wale watoto wana mtihani mwisho wa mwaka, na mtihani hauulizi nani ameshinda kesi.

Alhamisi, 7 Juni
Shauri limesikilizwa. Chumba kidogo mjini, hita inanuka vumbi. Wakili wa idara ni mtu mweusi, mpole, ananiita mama. Alisema hakuna anayebisha kwamba nafundisha vizuri. Swali ni kama nimo kwenye kundi linalolindwa. Akasoma kifungu. Simo.

Polisi wakitusimamisha kwenye robot, zile taa za barabarani, mimi ndiye wanayemtoa kwenye taksi, wanataka kusikia Kizulu changu. Watu wakivunja maduka ya wageni, nafunga mlango nazima redio. Huko kote nimo.

Lerato alikuja na mama yake. Mikono ya yule mama imechubuka kwa sabuni. Alinitazama, akainamisha kichwa. Sheria yenyewe siichukii. Ningekuwa yeye ningeishikilia kwa meno. Hilo ndilo linaloniumiza zaidi. Sina hata mtu wa kumlaani.

Jumatano, 20 Juni
Tumeshindwa.

Mtu wa chama anasema ipo mahakama ya kazi, lakini itachukua miaka, na chama hakiniahidi wakili. Nimemwambia nimechoka. Baba Gloria alipiga magoti akanivua viatu.

Ijumaa, 22 Juni
Siku ya mwisho. Darasa la kumi na mbili walitaka kugoma. Niliwakemea mpaka sauti ikakauka, nikawafundisha kipindi chote, hata dakika za kuagana nikazitumia kwa swali la pembetatu. Wakinuna, heri. Wangelia ningelia.

Lerato alikuwa amesimama kwenye korido, macho mekundu. Alitaka nimwambie kitu. Nilimpita. Sikuweza.

Jumanne, 17 Julai
Shule zimefunguliwa. Baridi kali, majani ya uani yana barafu. Gloria ameniuliza, kwa Kiingereza chake, kama leo nitampeleka mimi. Siku zote anapelekwa na jirani, maana mimi hutoka mapema kuliko yeye. Nikavaa koti, tukaenda.

Alinishika mkono njia nzima. Getini akaita wenzake wanione. Ni mama yangu, ni mwalimu wa hisabati, akawaambia. Wakanisalimia kwa heshima. Nikaitikia.

Kengele ikalia. Watoto wakakimbia, walimu wakawafuata na vikombe vyao vya chai. Mlinzi alinisubiri kidogo nisogee, kisha akavuta geti. Nilibaki nje na akina mama wengine. Wao walikuwa na pa kwenda, wakaondoka.