Khatibu, Uliyejitaja Mwishoni mwa Wimbo

Mwaka umetimia, Khatibu, tangu mto Malagarasi ukurudishe kwetu peke yako, bila lile gitaa uliloondoka nalo. Mvua zimeanza tena kama zilivyokuwa wakati ule. Mama akisikia radi anafunga dirisha la upande wa Kibondo, na hatumuulizi kwa nini.

Anayeandika ni mimi, dada yako Kudra. Baba amesema niandike mimi kwa kuwa nina mdomo. Asia, mkeo, amesema niandike bila kukupamba, maana ulipambwa vya kutosha na wasichana wa ukumbini. Unaona, bado ana wivu na marehemu. Basi nitasema ulivyokuwa.

Ulikuwa mtu wa kuchelewa. Baba alifungua duka lake hapa Kasulu alfajiri, wewe ukaingia jua limeshapanda, unajikuna kichwa, unamwamkia kwa adabu nyingi ili asikugombeze. Ulimpimia mteja sukari kwa mkono wa kulia, huku vidole vya kushoto vinabonyeza nyuzi ambazo hazipo. Vikongwe wa kutoka milimani uliwazidishia kipimo, baba akageuka kupanga sabuni ambazo zilikuwa zimeshapangwa. Suruali zako za bugaluu zilifagia vumbi la mji mzima, na mfuaji nilikuwa mimi.

Ulikuwa mpole, lakini ukishika gitaa la umeme upole ulikwisha. Bendi mliiita Radi: wewe solo na sauti, Kipriani besi, Abbasi ngoma. Watu wakisema ni dansi mlinuna, mkasema hapana, hii ni roki. Ulizungusha kile kitufe cha spika mpaka gitaa likakwaruza, na wazee wa pale sokoni wakasema gitaa la mtoto wa Athuman lina kikohozi. Baba hakuwahi kukanyaga ukumbini. Alisema nyumba yake ina msahafu, haina spika, mambo mengine wayajue wenyewe.

Lakini aliyekufundisha gitaa alilala kwenye ghala la baba huyo huyo. Ntirampeba alikuwa akivuka kutoka Burundi kila Sabasaba na kila Idi, pamoja na rafiki zake wawili, Nsabimana wa saksafoni na Hatungimana wa ngoma, kuja kupiga hapa mjini. Walilala katikati ya magunia ya maharage, na asubuhi mama akawapelekea chai na kuwauliza kama panya waliwaacha walale. Gitaa la Ntirampeba lilikuwa la mbao, na karibu na tundu lilikuwa na ufa uliozibwa kwa kipande cha bati. Hapo ndipo ulipoanzia, Khatibu, kwenye bati lile.

Kisha ukaja mwaka wa sabini na mbili, watu wakaanza kuvuka kutoka Burundi wakikimbia mauaji, mikeka kichwani. Uliacha duka ukasimama barabarani ukiwatazama nyuso. Habari za Nsabimana na Hatungimana zililetwa na watu waliowaona kwa macho yao wakiwa wamelala wasiamke, na wakakueleza mahali. Habari za Ntirampeba hazikuletwa na mtu. Lililoletwa ni gitaa tu, mtu aliliokota njiani karibu na mpaka. Ulilipokea, ukaligeuza, ukaona bati. Ukasema, "Mpiga gitaa haachi gitaa lake akiwa hai." Hakuna aliyekubishia. Mama alilia siku ile kama aliyefiwa na mwanawe wa kuzaa.

Ulikaa na jambo hilo muda mrefu ndipo ukatunga wimbo wa kuwaenzi wale watatu. Tuliusikia mara ya kwanza kwenye bugi la mchana, Sabasaba ya mwaka sabini na nne, ukumbi umejaa mpaka madirishani. Mama mwenyewe alikuja, akakaa karibu na mlango, ushungi umemfunika mpaka puani ili asitambuliwe, na kila mtu akamtambua.

Wimbo ule ulikuwa wa kutisha, acha niseme ukweli. Katika nyimbo nyingine uliwaita wenzako kwa majina ili wapige, "Abbasi, gonga!", naye akagonga. Humu uliwaita wafu namna ile ile. Ukasema, "Nsabimana, puliza," mkanyamaza nyote, Abbasi akawa anagusa ngoma kidogo tu, na mahali pa saksafoni pakapita mzunguko mzima patupu. Watu waliacha kucheza. Ukasema, "Hatungimana, gonga," pakapita patupu. Ukasema, "Ntirampeba, piga," na hapo nikasikia mtu nyuma yangu anavuta pumzi akingoja lipigwe.

Kila wimbo wako uliufunga kwa kujitaja, kama watunzi wote wafanyavyo: mtunzi ni Khatibu wa Athuman, mtoto wa Kasulu. Siku ile hukufika mwisho. Ulilosema ni "Khatibu wa Athuman," basi, hukuongeza neno. Na Abbasi, ambaye mikono yake ilikuwa imeshazoea kuacha nafasi baada ya kila jina, akaiacha. Mzunguko mzima ukapita patupu baada ya jina lako, wewe umesimama pale na gitaa shingoni, mzima wa afya, unamtazama.

Hakuna aliyepiga makofi. Mama alikuwa ameshatoka. Abbasi aliweka fimbo zake chini taratibu.

"Umejitaja, kaka," alikwambia.

"Si najitaja kila wimbo?"

"Huu si kila wimbo."

Kesho yake bibi mmoja alikuja dukani kununua chumvi, akamshika mama mkono akamwambia, "Pole, mama Khatibu." Kisha akashtuka, akaomba radhi, akaenda zake bila chumvi. Mama alipika uji na maandazi akawalisha watoto wa madrasa, akakusihi wimbo ule usiurudie tena. Ulicheka ukamkumbatia. "Ulimi umezoea tu, mama," ulisema. Lakini toka siku ile watu wengine walikusalimia kwa sauti ya chini, na wewe ulianza kuliona hilo.

Hukuuacha, maana wenye msiba wenyewe waliutaka. Wakimbizi waliokuwa wakilima Makere walituma watu kuja kuwaombeni, mkaenda na jenereta juu ya lori, nami nikaenda na Asia. Safari hii uliapa hutajitaja. Ulifika kwenye jina la Ntirampeba, nafasi yake ikapita, ukafunga mdomo. Basi watu wenyewe, waliokuwa wameshaukariri, wakaitikia kwa pamoja: Khatibu wa Athuman. Na mikono ya Abbasi ikaacha nafasi. Aliniambia baadaye hakuikusudia, nami namwamini.

Katika nafasi hiyo ndipo mwanamke mmoja alipokuja mpaka katikati ya uwanja. Alikuwa Esteri, mke wa Ntirampeba. Tulijua Ntirampeba ameoa, hatukujua kama mkewe alivuka.

"Wewe, Khatibu," alisema. "Mume wangu ulimwona amelala?"

Ulisema hukumwona.

"Nani alimwona?"

Ulisema hakuna, ila gitaa lake liko kwako.

"Basi umemzika kwa gitaa," alisema. "Mimi nilikuwa namngoja. Shemeji zangu walikuwa wananiacha ningoje. Sasa wanasema hata kwenye muziki anatajwa na wafu, ningoje nini? Maharage yakishang'olewa wanafanya kuganduka, wanaondoa matanga, na mimi napewa mdogo wake anirithi. Nikikataa wananiuliza kama najua kuliko wimbo."

Hakupaza sauti. Angepaza ingekuwa nafuu. Ulishuka ukakaa chini kwenye nyasi, na hakuna aliyecheza tena siku hiyo.

Tangu hapo hukula vizuri. Ulisema jina la mtu hulirudishi kwa kuomba radhi, lazima aonekane mwenyewe au aonekane kaburi lake, na kabla maharage hayajang'olewa. Mama alikwambia, "Mwanangu, na lako je? La kwako nani atalirudisha?" Baba, ambaye hakuwahi kuzungumza nawe habari za muziki, alikwambia mbele yetu sote kwamba ukienda mpakani katika mvua hizi hutakuwa na radhi yake. Ukambusu mkono. Aliuacha mkono wake pale kwa muda, halafu akauondoa akaingia dukani.

Uliondoka na gitaa la bati. Asia alikuwa na mimba kubwa. Ulimwambia unampelekea mtu gitaa lake, ukirudi utalala mpaka adhuhuri na asikuamshe mtu. Mimi nilikutania kwamba hiyo si habari mpya. Hayo ndiyo maneno yetu ya mwisho, Khatibu, na nimeyageuza geuza mwaka mzima nikitafuta ndani yake kitu kingine.

Yaliyofuata tuliambiwa na Reverien, mwenye mtumbwi wa Kumsenga, mpakani. Alisema ulikaa kule kwenye ukingo wa mto kila siku ukipiga ule wimbo bila maneno, ili wanaovuka wauone ufa wa gitaa na wakalisimulie ng'ambo. Wenyeji hawakupenda. Walikwambia unaita, na anayeita hachagui nani aje. Kisha mtu mmoja akavuka na ujumbe: yuko mlemavu wa mguu anachoma mkaa ng'ambo, anauliza kama bati lile lina misumari mitatu na mmoja umepinda. Ulihesabu misumari ukacheka mpaka ukakaa.

Mguu wake haukuweza kushuka mpaka mtoni bila kuegemea mtu, kwa hiyo ulivuka kumfuata. Mliporudi mto ulikuwa umejaa na maji yamekuwa mekundu. Reverien alisema mtumbwi hautawabeba wote. Ulimpandisha Ntirampeba kwanza, ukamfunga gitaa mgongoni kwa khanga ya Asia uliyoazima bila kumwambia, ukasema wewe utafuata na mtumbwi wa nyuma. Ntirampeba alifika. Mtumbwi wa nyuma ulifika umepinduka, mtupu.

Walikuona baada ya siku kadhaa, chini zaidi, kwenye matete. Lori lililokuleta lilipita katikati ya soko, watu wakavua kofia, na hakuna aliyeuliza ni nani. Nadhani walikuwa wanalingoja. Hilo ndilo lililoniuma kuliko mengine yote, kwamba mji mzima ulikuwa umeshajua, na mimi tu nilikuwa nimekufulia suruali.

Ntirampeba alikuja kwetu arobaini ilipopita, akiegemea fimbo, gitaa mgongoni. Alisimama mlangoni akatusalimia kwa Kirundi, "Amahoro." Baba alimleta ndani mwenyewe. Tulipoweza kuzungumza nilimuuliza jambo moja tu, kwa nini aliacha gitaa.

"Nililitupa mimi mwenyewe, dada," alisema. "Nilikuwa nakimbia, linagonga mgongoni, nyuzi zinalia. Nikaona litaniuza."

Kumbe mpiga gitaa anaweza kuliacha. Ungekuwepo ungesikia. Esteri amempata mumewe, shemeji zake wamenyamaza, wanalima Makere na kila mwezi wanatuletea ndizi. Tunafurahi kwa ajili yao, na bado mama akimwona Ntirampeba anaingia uani hutazama kwanza nyuma yake, kama yuko mwingine anayefuata. Mama anasema wimbo ule uliita watatu na umepata watatu. Mimi humwambia aache maneno hayo. Usiku huwa najikuta nayahesabu majina.

Asia alijifungua mtoto wa kike, tumempa jina la Mwanaamina, la mama. Ana vidole vyako. Halali asubuhi, hilo amelichukua kwa mtu mwingine.

Jumamosi hii baada ya kisomo, Radi watapiga wimbo wako, mara hii na basi, kisha hautapigwa tena mahali popote. Mama ndiye aliyeweka sharti hilo. Jina la Ntirampeba limetolewa, na pale palipokuwa patupu atapiga yeye, kwa gitaa lile lile la bati. Kipriani alitaka jina lako lisogezwe juu, likae na majina ya wale wawili. Mama alikataa, alisema pale ulipojiweka pasiguswe. Kikabaki kitu kimoja, nani atalisema. Abbasi alikataa, Kipriani akakataa. Ntirampeba alisema yeye hana haki. Hakuna aliyetaka kusimama pale ulipokuwa umesimama na kutoa jina kwa mdomo wake, na ninawaelewa, mimi mwenyewe niliangalia pembeni.

Jana baba alifunga duka mapema. Alinikuta jikoni, akasimama, akapangusa miwani ambayo haikuwa na vumbi.

"Kudra," alisema, "huo ukumbi mlango wake uko upande gani?"

Nikamwonyesha. Akataka nimfundishe mahali pa kuingilia katika wimbo, kwa hiyo nilimwimbia wimbo wote polepole nikigonga sufuria, na jina lilipofika akalisema: Khatibu wa Athuman. Halafu akanizuia mkono. Ile nafasi ya Abbasi aliingoja yote mpaka ikaisha. Kisha akasema yale uliyoyabakiza siku ile, mtoto wa Kasulu, na akaniuliza kama amewahi au amechelewa.

Unakumbukwa na baba yako Athuman, mama yako Mwanaamina, mkeo Asia na binti yako ambaye hukumwona, mimi dada yako Kudra, wenzako Abbasi na Kipriani, na Ntirampeba na Esteri wa Makere. Muda wote tutakaokuwa hai utakuwa nasi, Khatibu, na jina lako tutalitaja sisi.