Keki ya Dada

Shoga, mbona hupokei simu? Basi soma tu.

Leo kazini wamenifanyia sherehe ya kuzaliwa. Mimi. Natoka kwenye mashine nimebeba rundo la mashuka ya hoteli, nakuta keki juu ya meza ya kupigia pasi na wenzangu wote wanaimba.

Nikaduwaa. Ndipo nikakumbuka kwamba leo ni siku ya dada, yule binti wa mama mkubwa ambaye kibali chake cha kuishi huku ugenini ndicho ninachofanyia kazi. Jina lake nimelizoea, hata usingizini naliitikia. Tarehe yake ndiyo iliyonitoka.

Msimamizi akaniuliza, "Unatimiza mingapi?" Kisu kiko mkononi, watu wanacheka, nikasema thelathini na moja.

Thelathini na moja, shoga. Dada ana arobaini na mbili.

Wenzangu wakaangua kicheko, eti wanawake na umri. Msimamizi hakucheka. Alitazama karatasi yenye tarehe zetu za kuzaliwa, akanitazama usoni, akasema polepole, "Kesho njoo na kibali chenyewe, si nakala."

Halafu akanikatia kipande kikubwa kuliko cha mtu yeyote.

Kesho siendi. Hata viatu vyangu nimeviacha kule kabatini. Nimempigia dada. Kasema yeye hanijui, akakata.

Unajua kinachoniuma? Miaka sita pale, hiyo thelathini na moja ndilo neno pekee la kweli nililowahi kusema kuhusu mimi.