Vitabu vya Kuan-yi Ndani ya Kompyuta

Jumatatu, 4 Machi
Nimemfumania binti yangu Kuan-yi na kompyuta chini ya blanketi. Kitovu cha mtoto hata hakijadondoka! Nimemnyang'anya. Mzazi aliye ndani ya mwezi wake wa uzazi hasomi, hagusi maji baridi, halii — macho yakiharibika sasa, yameharibika. Eti profesa anataka sura ya tatu ya tasnifu mwisho wa mwezi, asipoipata nafasi yake chuoni inakwenda kwa mwingine, na vitabu vyote vimo humo shaghalabaghala. Basi nitavipanga mimi, nikamwambia. Akacheka mpaka akashika mshono. "Mama, wewe ambaye simu ikizima unaipulizia?" Acheke tu. Kuku wa ufuta na tangawizi kamaliza bakuli zima.

Jumatano, 6 Machi
Tumeanza. Yeye kafumba macho, mimi nasoma. Programu yenyewe si ngumu: kushoto rafu, katikati vitabu, na chini ya kila kitabu yananing'inia madokezo yake — maneno ya wanawake wa mashamba ya chumvi aliowahoji. Wengine wamekwisha kufa. Mimi shule niliiacha mapema, kwa hiyo herufi ya Kichina nisiyoijua namchorea kiganjani kwa kidole, naye anaitaja. "Mama, unanitekenya." Rafu mbili zimekwisha.

Ijumaa, 8 Machi
Kuan-yi kalala, nikaendelea peke yangu nimfurahishe. Vitabu vingine viko viwili viwili, jina lile lile, jalada lile lile. Kila cha pili nikakitupa. Lori la taka likapita na muziki wake, nikakimbia kumwaga za jikoni. Niliporudi nikaona kumbe na kompyuta ina pipa, tena limejaa. Kwangu taka hazilali ndani. Nikalimwaga. Rafu safi — nikajipongeza kwa chai.

Jumamosi, 9 Machi
Ameniomba nimsomee maneno ya Bibi Tsai wa chumvi. Kitabu kipo. Chini yake, tupu. Nikafungua kingine, tupu. Madokezo yalining'inia kwenye vile nilivyotupa.

Nikasingizia mtoto kajikojolea, nikatoka. Nikampigia mkwe wangu Po-wei, yuko kazini Hsinchu. "Mama, zima intaneti ya kompyuta sasa hivi." Huenda nakala ya zamani bado iko mtandaoni, ila kompyuta ikiungana nayo, nayo itafutika. Kuingia humo ni kwa simu. Nywila anayo Kuan-yi peke yake. "Nimwambie mimi, Mama?"

Hapana. Aliyemwaga ni mimi.

Jumapili, 10 Machi
Nimemlisha kwanza. Nikamwekea mto mgongoni, nikasogeza taa, nikamtia simu mkononi. Fumbua macho, mwanangu.

"Na mwezi wangu je?"

Nikamweleza yote bila kuzungukazunguka. Hakulia. Akaandika nywila.

Naandika hapa ukingoni mwa kitanda chake. Majina ya wale wanawake yanashuka moja moja, anayasoma, midomo inacheza. Nachungulia begani kwake — la Bibi Tsai bado sijaliona. Mtoto ameanza kulia, na hakuna hata mmoja wetu aliyeinuka.