Siku Nilizozifuta kwa Ndara

Jumatatu, 7 Julai 1986

Naomba radhi kwa kimya cha miaka mitatu. Sikuwa na karatasi, kisha nikapoteza mazoea.

Alfajiri nimesali, nimefagia baraza, nimekunywa chai. Zuhura, binti yangu, amekuja kutoka Makorora na sabuni, mchele, kalamu ya wino na daftari hili. Anasema maduka ya Ngamiani, hapa Tanga, yamejaa tena.

Mwaka 1983 niliandika shajara kwa penseli. Madaftari yalikuwa yameadimika, na Zuhura alikuwa kidato cha nne. Nilikata kipande cha mpira wa ndara, nikaifuta shajara yangu ukurasa baada ya ukurasa, nikampa aandike humo. Wanafunzi wangu niliwafundisha vivyo hivyo. Niliona ni busara. Mke wangu, Mwanahamisi, alikuwa hai. Sikuona haja ya kuhifadhi siku zake.

Alifariki mwaka uliofuata.

Sasa nieleze linalonisumbua. Tangu mwezi uliopita kuna watu nyumbani mwangu.

Jumatano, 9 Julai

Si watu kamili. Kila mmoja ni wakati mmoja tu, anaurudia. Huja baada ya sala ya alasiri. Rangi yao ni ya karatasi iliyosuguliwa. Wote ni wa mwaka 1983, na wote wametoka katika kurasa nilizozifuta. Nina hakika, kwa sababu mimi ndiye niliyeziandika.

Uani ipo foleni ya duka la ushirika: jiwe, kopo, kikapu kisicho na mkono, jiwe jingine, kila kimoja kikimshikia mwenyewe nafasi. Nyuma ya kikapu nimesimama mimi, mwembamba, nikilinda nafasi yangu dhidi ya kopo.

Nilimweleza jirani yangu Bi Kombo, Mpemba. Hakushtuka.

"Mashetani hao, Mwalimu? Shetani wa kwetu angekwisha kudai halua na ubani. Hawa wanadai nini?"

Nikamjibu kwamba hawadai kitu.

"Basi mdai ni wewe."

Nilikasirika. Sikumuaga vizuri.

Ijumaa, 11 Julai

Foleni haipo. Tangu nilipoiandika juzi, uani ni patupu, hakuna hata jiwe.

Leo nikataka kuhakikisha. Mwanahamisi alikuwa karibu na kisima, akifua shati langu la shule kwa majani ya mpapai kwa kukosa sabuni. Alikuwa akinicheka kwa kuwa shati lilinukia shamba. Niliandika hayo kwenye kipande cha karatasi, kwa sentensi mbili. Wino haujakauka, sauti ya maji ikakatika. Nilipoinua macho hakuwapo.

Nimefanya kosa la kijinga. Nilikuwa na Mwanahamisi wawili, wa nyakati mbili tofauti. Sasa nimebaki na mmoja.

Jumapili, 13 Julai

Huyu wa mwisho husimama katika mlango wa uani. Amebeba kitu kwa mikono miwili na anasema neno. Sitaji kitu hicho wala neno hilo. Nadhani nikiwa mwangalifu hivi hatatoweka.

Zuhura amekuja alasiri, akamwona. Nilidhani atakimbia. Aliketi chini, akalia, akajifuta kwa ncha ya kanga.

"Baba, tangu lini amesimama hapa?"

"Tangu mwezi wa Juni."

"Na wewe unamtazama tu? Mwandike apumzike."

Nikamwambia kwamba nikimwandika sitamwona tena.

"Ulikuwa ukituweka darasani baada ya kengele, tukakuzoea. Sasa hata marehemu unamzuia?"

Hakusema kwa dharau. Ndiyo maana imeniuma.

Alhamisi, 17 Julai

Mikono yake inatetemeka. Jumapili haikuwa ikitetemeka. Kile alichokibeba hawezi kukitua, kwa sababu wakati wake unakoma kabla ya kukitua. Nilimkaribia nimpokee. Mikono yangu ilipita kama katika moshi.

Siku ile pia sikumpokea. Nilikuwa nikisahihisha madaftari. Nilisikia akiniita, nikasema ngoja.

Hakuna mwingine aliyekuwapo awezaye kuiandika siku ile. Zuhura alikuwa shuleni. Nikifa bila kuandika, atabaki pale, na hakuna atakayejua namna ya kumwondoa. Nikiandika, nitarudi kuwa mtu peke yake katika nyumba ya vyumba sita.

Naogopa. Nina umri wa miaka sitini na moja na naogopa mlango.

Jumamosi, 19 Julai

Hali ya hewa ni ya baridi kidogo. Nimefagia uani mwenyewe. Bi Kombo amepita, nikamtaka radhi. Ameniachia kipande cha muhogo wa nazi.

Alasiri nilitandika mkeka karibu na mlango. Nilimweleza Mwanahamisi habari za mji: sukari ipo, sabuni ipo ya aina tatu, vitenge vimejaa hadi barazani. Nilimweleza kwamba Zuhura ana mimba ya miezi minne. Alirudia neno lake lile lile. Safari hii sikumwambia angoje. Niliitika.

Mikono bado inatetemeka.

Kalamu ninayo. Ukurasa wa kulia nimeuacha mtupu, na juu yake nimeandika tarehe tu, ile ya mwaka 1983. Nikishaamua, nitaandika humo, kwa wino.