Salamu Iliyokatazwa

Jumamosi

Eti tusiwasalimie! Asubuhi chama chetu, sisi tunaotibu watu kwa mazungumzo, kilipitisha sheria: ukikutana na mgonjwa wako njiani, usianze wewe kumsalimia, siri yake isije ikajulikana. Nilipiga makofi kama wengine.

Jioni sokoni nikampita Mama Ngoie, muuza sombe, yale majani ya muhogo, ninayemtibu, macho juu kama mtu anayekagua mawingu.

"Tata Kabwe! Unanipita sawa imbwa? Juzi nililia kwako mpaka kitambala ikalowana, leo haunijue?"

Soko zima likageuka. Siri yake ilikuwa salama mpaka nilipoilinda. Nikamwomba radhi, nikamsalimia kwa mikono miwili, nikakimbilia upande wa samaki.

Huko nikamkuta rais wa chama, mwenye kuileta sheria ile, ameshikwa shati na muuzaji: "Dokta, ile wivu yangu imerudia!"

Tukatazamana. Hatukusalimiana.