Harufu Uliyoisikia Wewe Peke Yako

Dada yangu Zuhura,

Tangu tukuzike nimekuwa nikikusemesha kimoyomoyo jikoni. Leo nimeona heri niandike, maana lipo jambo limenikaa rohoni na sina mwingine wa kumwambia.

Unakumbuka tulipofika London na mama, baada ya mapinduzi kule Unguja, tukapanga chumba kimoja hapa Kilburn? Jirani wa chini akichemsha kabichi kutwa, na wewe ukiziba masikio. Si pua, masikio! "Harufu hii ina kelele, wallahi, kichwa chaniuma!" Mama akicheka: "Mtoto huyu ana maneno!" Ukasema udi wake unaguna. Sabuni ya kufulia ulisema inapiga mluzi. Mimi nikakuona hodari wa kupamba maneno tu, kwani nani asiyesikia harufu? Kiswahili chetu ndivyo kinavyosema.

Ukubwani ukamwambia daktari, kwa Kiingereza chako cha kujikongoja, kwamba unasikia harufu ya dawa na inakupigia kelele. Akakusahihisha kwa upole kwamba harufu haiingii masikioni. Tulicheka ndani ya basi hadi abiria wakatugeukia. "Kiingereza hichi kitaniua," ukasema. Hata wewe uliamini kosa ni la lugha.

Wiki iliyopita mtaalamu wa ubongo alikuja kutufundisha sisi wauguzi. Akasema wapo watu waliozaliwa na milango ya fahamu iliyoungana: huyu akisikia muziki huona rangi, yule akinusa kitu husikia sauti. Si wazimu wala si maradhi, na wengi wao hudhani kila mtu yuko hivyo. Wenzangu walishangaa. Mimi nilijifungia chooni nikalia.

Nilikuwa nimekumbuka mwaka wako wa mwisho, yale mafua yalipokuua pua, usinuse tena chochote. Ulikuwa ukikaa jikoni, redio inaimba, birika linachemka, nawe unaniuliza, "Mdogo wangu, mbona kumekuwa kimya hivi?" Nikaongeza sauti ya redio. Ukatikisa kichwa. "Si hiyo." Nikadhani unamkumbuka marehemu shemeji. Kumbe ulikuwa umenyang'anywa dunia nzima ya sauti, na neno la kunieleza huna, kwa sababu neno lenyewe, "kusikia", sote tulikuwa tukilitumia kila siku.

Nina hasira, Dada, na sijui nimkasirikie nani. Ningekuuliza mengi. Mama alikuwa na sauti gani alipotukumbatia? Na mimi je? Maisha yetu yote tumekaa pamoja, na sijui nilikuwa nasikika vipi kwako.

Kanga yako ya mwisho sijaifua. Asubuhi hii nimejifunika nayo usoni. Jasho, mafuta ya nazi, wewe kabisa. Harufu yako naisikia vizuri sana, Dada. Sauti hamna.

Mola akupe makao mema,

Mdogo wako